Kuonja vyakula vya Ngamiani: gawa siku mara mbili

Msomaji ameniandikia hivi: "Shikamoo mama. Mimi ni mwalimu, naishi Morogoro. Likizo ya mwezi wa sita tunakuja Tanga kwa siku tatu: mimi, mume wangu, mtoto wa miaka tisa asiyegusa pilipili, na mama mkwe wangu mwenye miaka 68, ana kisukari. Nimeona watu wakizungushwa sokoni na mwenyeji, wanaonjeshwa hiki na kile kwa saa mbili, malipo mara moja. Nataka tufanye hivyo Ngamiani, hapo mjini Tanga. Kuna haja ya kumlipa mtu au tutembee wenyewe? Na mama mkwe tumpe nini kisichomdhuru, bila kumwacha amekaa pembeni anatuangalia tukila?"

Marahaba mwanangu, na karibuni Tanga. Kazi ya kuzungusha wageni sokoni nimeianza ukubwani. Kabla ya hapo nilikuwa mpishi wa shughuli, masufuria ya pilau ya harusi na maziko, hapahapa Ngamiani. Kwa hiyo ukiniona nasema sana habari za moto na tui, nivumilie.

Mlipeni mtu, lakini msikubali saa mbili mfululizo. Chakula cha Tanga kina saa zake. Mbaazi na vitumbua ni vya alfajiri, samaki ni wa asubuhi, na mihogo, bajia, pweza na kahawa ni vya alasiri kuelekea magharibi. Anayekuahidi vyote hivyo kati ya saa nne na saa sita mchana atakulisha viporo, hata kama mwenyewe hajui. Nendeni mara mbili: saa moja unusu hivi asubuhi, kisha mrudi mlikofikia mpumzike, mtoke tena saa kumi alasiri. Matembezi ya asubuhi ndiyo ya kumlipa mwenyeji. Ya alasiri, mkishajua njia, mnaweza kwenda peke yenu.

Hili sikufundishwa na mtu. Kundi la kwanza nililolizungusha lilikuwa la watu sita, nami nikawapangia vituo kumi na kimoja kwa pumzi moja, nilitaka waone kwamba Tanga tuna vitu. Kufika cha tano mzee mmoja ameshika tumbo, hana hata nafasi ya kuinama. Cha saba tukala pweza wa jana aliyepashwa moto, mgumu kama mpira wa ndala. Waliniaga kwa adabu tu. Siku hizi asubuhi navipitia vituo vinne, alasiri vitatu, na kila mtu anashika kijiko chake katika sahani moja ya pamoja. Sahani moja kwa watu wanne ndiyo kipimo. Hata muuzaji akisema "chukueni mbili", chukueni moja, mkishiba kituo cha pili safari imeisha.

Anzeni na mbaazi. Ngamiani ina barabara za namba, ya 1 mpaka ya 21, na asubuhi hukosi mtaa wenye mama aliyekaa na sufuria yake juu ya jiko la mkaa, pembeni beseni la maandazi limefunikwa kitambaa. Mimi nina mama mmoja ninayempelekea watu, na kabla hawajala nawaomba wamtazame mkono. Mbaazi zimeiva tangu usiku kwa tui jepesi, zimelainika lakini hazijapondeka. Anasogeza makaa pembeni, moto unapungua, ndipo anamimina tui zito, lile la kwanza kukamuliwa. Kuanzia hapo upawa haupumziki: anachota, anainua juu, anarudisha, anachota, anainua, anarudisha, na sufuria haifunikwi. Akiacha lichemke kwa kishindo tui linakatika, mafuta yanaelea huku na maji yanabaki kule. Ukiona mbaazi zenye vijidonge vyeupe na mafuta juu, mpishi alikwenda kuongea na jirani. Za mama huyu mchuzi wake unashika mgongo wa kijiko kama maziwa mazito, na harufu ya iliki haitoki kwenye sufuria, inatoka kwenye andazi unapolipasua.

Na hapa mkweo asikae pembeni hata kidogo. Mbaazi ni katika jamii ya kunde, zinapandisha sukari polepole kuliko wali au mkate. Kinachompandisha ni andazi, unga mweupe na sukari ndani yake. Basi ageuze kawaida: nyie mle andazi kwa mbaazi, yeye ale mbaazi kwa andazi, bakuli dogo na nusu andazi la kuchovya. Vitumbua aonje kimoja, kwa kuwa ni mchele na sukari vitupu, ila kitumbua kilichotoka karaini sasa hivi, ukingo wake unakatika kama karatasi na tumbo lake laini, sioni namna ya kumnyima mtu. Kama anatumia sindano ya insulini au vidonge vya kushusha sukari, msimtoe nyumbani na dawa tumboni mkisema atakula sokoni. Foleni inaweza kuwa ndefu, na sukari ikishuka hatari yake ni ya papo hapo. Ale kidogo kwanza, na mkoba wake uwe na kitu kitamu cha dharura. Mipaka yake halisi aulizeni kwa daktari wake kabla ya kupanda basi.

Kutoka hapo ingieni sokoni kwenyewe. Haya ndiyo masaa ambayo mwenyeji anastahili malipo yake, na si kwa sababu ya hadithi zake. Ni kwa sababu anaamkiana na watu. Nikipita na mgeni, muuzaji wa viungo ananiuliza nyumbani hawajambo, mimi namuuliza mguu unaendeleaje, na katikati ya maneno hayo mgeni ameshapewa iliki mkononi ajaribu. Ukipita peke yako utatajiwa bei, basi. Sikusemi vibaya wala sisemi wauzaji wetu wabaya, asubuhi wana kazi, hawana nafasi ya kumfundisha kila anayepita.

Meza ya viungo msiipite haraka. Sehemu kubwa ya viungo vinavyouzwa hapa vinashuka kutoka milima ya Usambara Mashariki, upande wa Amani, wilaya ya Muheza: iliki, karafuu, mdalasini, pilipili manga. Havijavuka bahari. Iliki nzuri ukiibana haivunjiki kwa mlio, inabonyea kidogo, na ndani mbegu ni nyeusi, zinanata. Ikiwa imepauka na mbegu za kahawia kavu, imekaa. Mdalasini uvunjwe mbele yako kisha utafunwe kipande. Utamu uje kwanza, ukali baadaye. Pilipili manga ina ujanja wake: wapo wanaochanganya na mbegu za papai zilizokaushwa, kwa macho huwezi kuzitenga. Tia kidogo kwenye glasi ya maji. Zinazozama ni zenyewe, zinazoelea zitilie shaka. Mtoto wako atalipenda jaribio hili kuliko chakula chochote cha siku hiyo, mpeni yeye ashike glasi.

Kuhusu mtoto na pilipili: sema kabla muuzaji hajainua mkono, maana kwetu pilipili hainyunyiziwi kwa kuulizwa. Maneno ni "bila pilipili, na kijiko kingine". Hilo la kijiko ndilo watu husahau, kumbe kile cha kwanza kimeshagusa pilipili.

Machungwa. Mwezi wa sita mtayakuta ya Muheza yamejaa, na mtashangaa kwamba ni ya kijani. Wageni wa bara wengi hudhani hayajaiva wakayaacha. Ganda la chungwa hugeuka rangi usiku ukiwa wa baridi, na usiku wa pwani hauna baridi ya kutosha, kwa hiyo tunda huiva ndani huku ganda limebaki kijani. Pima kwa uzito: lililo zito kuliko ukubwa wake lina maji. Muuzaji atalimenya kwa kisu utepe mmoja mrefu, ataacha ule weupe, atakata kofia juu, nawe utalikamua mdomoni. Mkweo ale chungwa zima pamoja na nyama yake, asinywe juisi. Glasi moja ya juisi ni machungwa matatu manne bila makapi, na wengi huongeza sukari juu yake.

Mkiona meza ya karoti za vichwa vyao na kabichi ngumu kama mawe, hizo ni za Lushoto. Upande wa pili wa njia, mita chache tu, ng'onda, yaani samaki wa kukaushwa, na papa mkavu. Ninachokipenda katika soko letu ni hicho, mlima na bahari vinaangaliana, na aliyevikutanisha kwa wingi ni reli, iliyoanza kujengwa kutoka hapa Tanga mwaka 1893 kuelekea bara. Mwaka huohuo Mjerumani Richard Hindorf alileta miche ya mkonge, mashamba yakafuata, na mashamba yakaita wafanyakazi kutoka kila upande wa nchi, kila mmoja na chakula cha kwao. Ongeza Wahindi na bajia na kachori zao, Waarabu na halua yao, na wenyeji Wadigo, Wabondei, Wasegeju na Wasambaa. Muulizeni mwenyeji wenu habari za bada, ugali wa unga wa muhogo. Asipoijua, si wa hapa.

Samaki sasa. Kama mna hamu ya mnada, chukueni bajaji mpaka soko la samaki la Deep Sea, msikae sana Ngamiani. Dalali anapaza bei, wanunuzi wanajibu kwa kichwa tu, na mgeni akijikuna anaweza kujikuta amenunua kolekole. Natania, lakini simameni nyuma, sakafu ina maji na watu wamebeba mizigo.

Nisikufiche: mwezi wa sita ni kusi, msimu wa upepo wa kusini. Bahari inachafuka, vyombo vidogo havitoki kila siku, samaki wa kina kirefu wanapungua na bei inapanda. Wasije wakakuambieni Tanga ni samaki tele mkakuta meza nusu tupu mkadhani mmedhulumiwa. Kinachosaidia ni kuangalia mwezi wa angani mnapopanga siku zenu tatu. Dagaa huvuliwa kwa taa wakati wa giza, kwani mbaamwezi ikiwaka taa hazina maana. Pweza huvuliwa kwa miguu miambani wakati wa bamvu, ambapo maji hupanda na kushuka zaidi ya mita 3 na mwamba hukauka. Bamvu huja mara mbili kwa mwezi, mwezi ukiandama na ukiwa mpevu. Ukitaka vyote viwili, dagaa na pweza, siku zako ni zile za mwezi kufa na kuandama, na siku mbili tatu baada yake. Bamvu la kwetu maji hutoka kabisa mnamo saa nne, saa tano asubuhi, wavuvi wanarudi adhuhuri, na pweza utakayemla magharibi amekamatwa leo. Wenyeji wengi wanaozungusha watu hawakuambii haya kwa sababu kundi linakuja siku linayokuja. Wewe una nafasi ya kuchagua.

Samaki mbichi tazameni macho, yawe yametokeza na kung'aa, na matamvua yawe mekundu. Bonyeza nyama, shimo la kidole lirudi. Kwa jodari na vibua kuna jambo la ziada. Samaki wa aina hiyo akikaa juani, ndani yake hutengenezwa sumu iitwayo histamini, na kupika hakuiondoi. Umkaange, umchemshe, bado iko. Mtu anakula, baada ya muda mfupi uso unakuwa mwekundu, kichwa kinagonga, mwili unawasha, na watu wanasema ana mzio wa samaki kumbe samaki alipigwa jua. Jodari asiye na barafu saa tano asubuhi, pita. Ng'onda na papa mkavu wana chumvi nyingi. Kama mkweo ana presha pamoja na kisukari, anuse tu.

Usalama wa tumbo kwa jumla ni kanuni moja ninayoifuata mwenyewe: kile kilicho motoni mbele yangu nakila, kilichopoa nakiacha. Kachumbari iliyokatwa asubuhi na sasa ni saa nane, naiacha. Juisi ya miwa naipenda, ila naangalia glasi inasuuzwa wapi, na barafu naikataa nisipojua maji yake. Dafu halina mashaka likikatwa mbele yako, na kwa mkweo dafu moja mgawane wawili, lina sukari yake japo si nyingi.

Rudini mpumzike. Ikiwa ni Ijumaa, kumbuka kuanzia saa sita mpaka saa nane hivi wengi wako msikitini, msipange chochote. Na mkija mwaka mwingine Ramadhani, mpango wote huu utupeni: mchana hakuna kula hadharani, lakini saa kumi na moja mitaa inajaa futari, na hapo ndipo Ngamiani inanoga kuliko siku zote za mwaka.

Alasiri ni nyepesi kueleza. Mihogo ya kukaanga ipasuke juu, iwe na unga ndani, isiwe na nyuzi. Bajia zitoke karaini. Kachori ya viazi yenye ndimu. Pweza, mwombeni amkate nyembamba na ajaribu kipande kwa kisu kabla hajawauzia. Kisu kikikwama, subirini kidogo au nendeni. Pweza kwa mkweo ni kitu kizuri, hana wanga wa maana. Aachane na mihogo, au ale kipande kimoja, na ale pweza sawa na nyie wengine. Supu yake wanaume wataichangamkia, na mtasikia sababu zao, na mtoto yupo, basi mbadilishe mazungumzo.

Halafu kahawa. Muuza kahawa utamsikia kabla hujamwona, anagonganisha vikombe vyake, na dele lake liko juu ya makaa. Kahawa yetu hainyweki na sukari. Ni chungu, imetiwa tangawizi, wengine iliki, na utamu unatoka kwenye kashata unayotafuna pembeni, ya nazi au ya karanga. Sasa fikiri: katika vitu vyote vya siku hiyo, kahawa ndicho kilichotengenezwa kama kwa ajili ya mkweo tangu zamani. Akae kwenye benchi na wazee wenziwe, anywe vikombe viwili bila kashata, na hakuna atakayejua kwamba anajizuia. Mara nyingi mgeni mwenye kisukari ndiye anayekataa kuondoka hapo.

Sasa malipo, kwa kuwa uliuliza na hili huleta ugomvi. Kabla ya kuanza, semeni wazi: bei ni ya mtu mmoja au ya kundi, chakula kimo au hakimo, usafiri wa kwenda Deep Sea umo au haumo. Mimi napendelea mwenyeji alipwe kazi yake peke yake na chakula mlipe nyie pale pale, sahani kwa sahani. Hivyo mnajua mama wa mbaazi amepata chake. Niliwahi kufuatana na mwenzangu mmoja, simtaji, aliyekuwa akichukua hela ya chakula kwa wageni kisha anaonjesha vya bure kwa wauzaji, "wageni wangu hawa, wape kidogo". Wauzaji wakachoka, na hasira wakaimwagia kila aliyekuja na mgeni baada yake, mimi nikiwemo. Kionjo cha chungwa ni cha bure. Sahani si ya bure. Ishara nyingine mbaya ni anayewapeleka kwenye meza ya mtu mmoja tu kwa kila kitu, au anayewaharakisha mbele ya meza msiyopangiwa. Kuongoza watalii kwa malipo kuna leseni yake chini ya Sheria ya Utalii ya mwaka 2008, si vibaya kuomba kuiona, na mwenye nayo haoni haya kuionyesha.

Picha, ombeni kwanza. Akina mama wengi watakubali mkiwa mmeshakula kwao, wachache watakubali mkiwa bado hamjaketi. Wewe na mkweo jifungeni kanga au vaeni nguo ya kufunika magoti, mtaitwa "mwanangu" na "bibi" kila hatua na nyongeza mtaiona kwenye fungu. Viatu viwe vya kufunga, si vya kuchomeka, kwa sababu ya sakafu ya samaki.

Na kama mtanunua papa mkavu wa kurudi nao Morogoro, ninavyojua mtanunua, leteni ndoo ya plastiki yenye kifuniko cha kubana. Mifuko ya plastiki ilipigwa marufuku tangu Juni 2019, gazeti halizuii kitu, na ukimweka papa kwenye begi la nguo basi zima litakujua kabla hamjafika Segera.